Mchele Haukaushi Bahari

Katika uzushi wote uliopata makazi katika nyumba zetu za mwambao wa kusini, tangu Kilwa Kivinje hadi Lindi mjini, hakuna unaonikera kama huu wa mchele. Nazungumzia ile imani kwamba simu ikitumbukia majini, dawa yake ni kuifukia ndani ya mchele mkavu kwa siku mbili tatu, kisha kuitoa, kuipuliza na kuiwasha. Imani hii haina chama wala dhehebu. Nimeisikia kwa nahodha wa mashua, kwa karani wa halmashauri, kwa muuza samaki, na (hapa ndipo moyo unaponiuma) nimeisikia kwa walimu. Mwalimu wa sayansi, mwenye cheti kilichopigwa muhuri, anafukia simu yake ndani ya mchele mbele ya wanafunzi wake, na wanafunzi wanakwenda nyumbani kuwaeleza wazazi kwamba hivyo ndivyo sayansi inavyosema.

Najua watakaonicheka. Watasema mzee amekosa la kuandika, mstaafu mzima badala ya kuandika juu ya maadili na umoja wa taifa anaandika juu ya simu iliyolowa. Hayo ya maadili na umoja nimeyaandika katika kurasa nyingine za kitabu hiki, na atakayeyataka atayakuta. Lakini simu, ndugu msomaji, si kitu cha mchezo tena katika nchi hii. Tangu huduma ya M-Pesa ilipoanza hapa Tanzania mwaka 2008, na nyingine zikafuata, simu imekuwa benki ya mtu ambaye hajawahi kuingia benki. Wenzangu wa umri wangu wanakumbuka jinsi tulivyokuwa tukituma ada ya watoto kwa bahasha mkononi mwa kondakta, na kabla ya Daraja la Mkapa kufunguliwa pale Rufiji mwaka 2003, bahasha hiyo ililala Ndundu pamoja na basi lenyewe ikisubiri kivuko. Leo ada inafika kabla hujamaliza kunywa kikombe cha chai. Simu hiyo hiyo ndiyo daftari la kikoba, ndiyo tochi ya kwendea msalani usiku, ndiyo inayoleta salamu za msiba.

Tena mwanzoni mwa Mei 2024, Kimbunga Hidaya kilipopita na mvua yake, barabara ya Dar es Salaam hadi Lindi ilikatika pale Somanga. Magari yalilala upande huu na upande ule, wagonjwa na mizigo njiani. Katika siku zile simu ndiyo iliyokuwa barabara yetu. Na mvua iliyokata barabara ndiyo hiyo hiyo iliyoingia mifukoni na kulowesha simu. Kwa hiyo sitaomba radhi kwa kulishika jambo hili kwa uzito.

Nianze na kosa la kwanza la wafuasi wa mchele, kwamba wao hudhani adui ni maji. Adui si maji peke yake. Maji matupu, yaliyokenekwa yakabaki maji na si kitu kingine, hupitisha umeme kidogo mno. Kinachoua simu ni vile vilivyoyeyuka ndani ya maji vikikutana na umeme wa betri. Sasa tazama sisi ni watu wa wapi. Simu za wenzetu wa bara huangukia ndoo, beseni na choo. Zetu huangukia bahari. Mama anayefunga mwani kwenye kamba maji yakimfika kiunoni, kijana anayechokoa pweza kwenye mwamba maji yakiwa yametoka, abiria anayeshuka kutoka boti ya Songosongo akibebwa mgongoni, mwanafunzi anayevuka kwenda Kitunda, mgeni anayepelekwa Kilwa Kisiwani kutazama magofu na kuinama pembeni mwa mashua apige picha: hawa wote simu zao huonja maji ya chumvi. Na lita moja ya maji ya bahari hubeba karibu gramu 35 za chumvi, ambazo huyafanya yapitishe umeme mara mia na zaidi kuliko maji ya kunywa.

Betri ya simu ina nguvu ya volti 3.7 hivi. Ni ndogo, haikutikisi hata ukiigusa kwa ulimi, lakini kuyavunjavunja maji kunahitaji volti moja na robo tu. Yanayotokea ndani ya simu iliyolowa maji ya bahari huku betri imo ni yale yale ambayo vyuoni tuliyaonyesha kwa betri za tochi, nyaya mbili za shaba na bilauri ya maji ya chumvi. Viputo vinapanda. Waya mmoja unabaki salama na mwingine unaliwa, na maji yanaanza kuchafuka. Katika bilauri waya ni mnene na utachukua muda kwisha. Ndani ya simu njia za shaba ni nyembamba kuliko unywele, na kati ya mguu wa kifaa kimoja na mguu wa jirani yake hakuna nafasi hata ya kupitisha sindano. Hapo dakika chache zinatosha kukata njia moja au kuunganisha mbili zisizotakiwa kuungana.

Ndiyo maana jambo la kwanza, kabla ya kitambaa, kabla ya jua, kabla ya kumwita shangazi, ni kuinyima simu umeme. Ikiwa ni kitochi, fungua mgongo wake, ng'oa betri. Ikiwa ni simu janja ambayo betri yake imefungiwa ndani, izime kabisa na usiiguse kitufe tena. Sasa nenda kaangalie watu wanafanya nini. Simu inatolewa majini ikiwa bado inawaka, na wa kwanza aliye karibu anasema, "Hebu jaribu kupiga, tuone." Ikiwa imezimika, wanaiwasha. Isipowaka, wanaichomeka kwenye chaja wakidhani imeishiwa chaji. Kila kitendo kati ya hivyo ni kuongeza moto chini ya chungu kinachoungua. Simu ambayo ingepona imeuawa na watu waliokuwa wakiiangalia kama imepona. Kisha, baada ya kuiua, ndipo wanapoipeleka kwenye mchele, kama maiti anayepewa dawa.

Na mchele wenyewe je? Tuupe haki yake, maana mwambao huu haujapata kuudharau mchele mahali pake, yaani kwenye sinia. Wanaoutetea husema mchele unanyonya maji. Mchele hunyonya maji ukiwa ndani ya sufuria juu ya moto. Ukiwa mkavu kwenye gunia, tayari unabeba maji kadiri ya sehemu 13 au 14 katika kila 100 za uzito wake, na hicho ndicho kiwango cha kawaida cha kuuhifadhia usiote ukungu. Kiwango hicho hupanda na kushuka kufuata hewa iliyouzunguka. Gunia lililokaa dukani Masoko katika mwezi wa tatu, hewa ikiwa nzito kiasi cha shuka kulala mbichi kwenye kamba, limekwisha kunywa kiu yake. Unalipelekea simu ili linywe nini tena?

Isitoshe, maji yaliyoingia kwenye simu hayakai nje yakingoja punje ya mchele ije kuyagusa. Yamejificha chini ya vile vifuniko vidogo vya bati vinavyofunika mitambo, yamebanwa kati ya bodi na kioo, na hayawezi kutoka isipokuwa kwa kugeuka mvuke na kupenya kwenye matundu membamba. Mvuke huo unahitaji hewa inayotembea iuchukue. Ukifukia simu ndani ya mchele na kufunika kopo, umeinyima kitu kile kile ilichokihitaji. Na ule unga mweupe unaobaki mkononi ukishika mchele? Ni wanga. Unaingia kwenye tundu la chaji, unakutana na maji, unakuwa uji, na uji ukikauka unakuwa gundi. Mwaka 2024 kampuni ya Apple, ambayo simu zake wengi wetu tunaziona mikononi mwa watalii, iliwaandikia wateja wake waziwazi wasiweke simu iliyolowa ndani ya mfuko wa mchele, kwa kuwa chembe zake zinaweza kuiharibu. Badala yake ikawaambia waigongegonge kidogo tundu likitazama chini na kuiacha mahali pakavu penye hewa inayopita, na kwamba huenda ikachukua hadi siku nzima. Waliounda simu wanasema hivyo, sisi tunabishana nao kwa kilo mbili za mchele wa Kyela.

(Mchele huo, nimekwisha kushuhudia, jioni hupikwa. Kitu chenye betri iliyovuja na kutu ya shaba kimelala humo siku tatu, kisha familia inakula. Sitaki kuendelea.)

Lakini hayo yote niliyoyasema juu ya mchele ni madogo. Kubwa ni hili. Hata kama mchele ungekuwa na nguvu zote unazosifiwa nazo, hata kama ungevuta tone la mwisho la maji kutoka ndani ya simu iliyoanguka baharini, ungeyavuta maji na kuiacha chumvi. Ninyi nyote mnaijua chumvi. Mmeiona kwenye mashamba ya chumvi ya pwani yetu, mnayo jikoni katika kopo. Wakati wa kiangazi inamiminika kama mchanga. Ikifika masika kopo linalia machozi, chumvi inashikana, chini kunakuwa na maji ambayo hakuna mtu aliyeyatia. Chumvi ya jikoni huanza kuvuta maji kutoka hewani pindi unyevu wa hewa unapozidi robo tatu, na chumvi ya bahari isiyosafishwa, yenye magnesi ndani yake, huanza mapema zaidi. Usiku wa pwani yetu hupita kiwango hicho mara kwa mara bila hata mvua. Basi ile simu "iliyokauka" kwenye mchele ina chembe za chumvi juu ya bodi yake, na kila usiku chembe zile zinalia machozi ndani kwa ndani, na kila asubuhi mwenye simu anaiwasha na kutia umeme juu ya machozi yale. Simu hiyo inakufa siku ya saba, au ya kumi na mbili, au mwezi wa pili, na hakuna anayekumbuka bahari.

Hapa ndipo ushahidi wa wafuasi wa mchele unapokatika. Hadithi zao zote huishia siku ya tatu. Siku ya tatu simu ilitolewa, ikawaka, watu wakapiga makofi. Yaliyofuata hayasimuliwi. Katika kijiji kimoja cha wakulima wa mwani, ambacho sitakitaja kwa sababu jambo lenyewe bado lina uchungu, mweka hazina wa kikundi cha akina mama aliangusha simu yake siku ya bamvua. Mwanawe, kijana wa sekondari, akaifukia kwenye mchele. Siku ya tatu ikawaka. Siku ya tisa ikazima, na fundi alipoifungua alikuta bodi imeota kutu ya kijani kama birika la shaba lililotelekezwa. Ndani ya simu ile kulikuwa na picha za kurasa za daftari la kikoba, na daftari lenyewe lilikwisha kuharibiwa na mvua. Ikabaki neno la mama yule na neno la wanachama wengine: nani alikopa, nani alirejesha, nani bado. Mama huyu alikuwa akiaminiwa kijiji kizima. Mwisho wa mwezi ule wapo waliokuwa wakinong'ona wakimwona anapita. Hakuna aliyemwibia, na hakuna aliyeiba. Lakini simu ile ingetolewa betri palepale ufukweni na kuoshwa, kumbukumbu zile zingekuwa na nafasi ya kupona. Mpaka leo jirani zake wakitaka kuthibitisha kwamba mchele ni dawa husema, "Mbona ya mama fulani ilipona?"

Naam, kuoshwa. Nikilitamka neno hili barazani watu hunitazama kama niliyesema moto uzimwe kwa mafuta ya taa. Simu imelowa, nawe unataka kuilowesha tena? Ndiyo, ikiwa imelowa maji ya bahari, na ikiwa umeme umekwisha kuondolewa. Nahodha anayenicheka, mwulize anafanya nini na mashine ya boti yake. Akirudi pwani anaitia kwenye pipa la maji baridi, yaani maji yasiyo ya chumvi, anaiwasha izungushe maji hayo tumboni mwake. Mashine iliyopinduka ikazama baharini, fundi wake huikimbilia kwa maji baridi kabla haijakauka, kwa sababu anajua chumvi ikikauka ndani imekwisha kazi yake. Nahodha huyu huyu, mwenye elimu hii yote mikononi, simu yake ikizama anaacha elimu ufukweni na kwenda kumwomba mkewe mchele.

Namna ya kuosha inategemea simu. Kitochi ni rahisi: betri nje, laini nje, memori kadi nje, kifuniko nje, kisha umiminie maji baridi kidogo kidogo, uitikise, urudie mara mbili tatu. Betri yenyewe usiitumbukize, ifute kwa kitambaa chenye maji baridi na kuikausha. Maji yawe ya mvua yaliyotunzwa vizuri, au ya chupa. Maji ya visima vyetu vingi vya pwani ni ya chumvichumvi, na kuosha chumvi kwa chumvi ni kazi bure. Maji ya betri yauzwayo kwa wenye magari ni mazuri kuliko yote, ilimradi uhakikishe ni maji na si tindikali. Muulize muuzaji mara mbili, na kama hana hakika usinunue.

Simu janja ni habari nyingine. Ikiwa ni ile ambayo mtengenezaji wake ameithibitisha kuhimili maji, isuuze nje na kwenye matundu kwa maji baridi yanayotiririka taratibu, basi. Ikiwa siyo, usijifanye fundi: maji utakayomimina yatachukua chumvi ya nje na kuisukuma ndani. Izime, ifute, ikimbize siku hiyo hiyo kwa fundi anayeweza kuifungua, kutenganisha betri, na kusafisha bodi kwa maji yaliyokenekwa au kwa spiriti ya isopropili na mswaki laini. Si spiriti ile ya rangi tuliyokuwa tukiwashia karabai. Na afanye kazi hiyo mbali na moto. Fundi wa kweli atakushukuru kwa kumletea simu mbichi. Mafundi niliozungumza nao wanalalamika jambo moja kila mmoja: simu inawafikia ikiwa imekaa kwenye mchele siku tatu, kutu imekwisha kutawala, kisha mteja anawaambia ni wao walioiharibu.

Na wasinijie wale wa simu za bei kubwa na namba zao za IP67 na IP68. Namba hizo zina maana, siikatai. IP67 maana yake simu ilizamishwa mita moja kwa nusu saa ikatoka nzima. Lakini ilizamishwa katika maji baridi yaliyotulia, ikiwa mpya, katika chumba cha majaribio. Haikuzamishwa katika wimbi la kusi baada ya kuangushwa sakafuni mara kumi na kubadilishwa kioo uchochoroni. Mpira unaozuia maji huzeeka kama mimi ninavyozeeka.

Baada ya kuosha ndipo ukaushaji unapokuja, nao hauna siri. Futa kwa kitambaa cha pamba, kanga kuukuu inafaa kuliko taulo jipya. Itikise kidogo tundu likitazama chini. Iweke kivulini ndani ya chumba ambamo hewa inapita, mbele ya feni kama umeme upo, kwa siku moja mpaka mbili, bila kuijaribu. Usiipulize kwa mdomo, pumzi yako ni mvuke na nguvu yake inasukuma maji ndani. Kile kipuliza joto cha saluni kinafanya vivyo hivyo na kuyeyusha gundi juu yake. Usiianike juu ya bati. Nimeona simu zimeanikwa kama dagaa, betri zimo ndani, saa nane mchana, na wenye simu wamelala.

Hapo nitasimama kidogo, kwa sababu joto na betri iliyoonja bahari ni hatari ya aina nyingine. Betri hizi za lithiamu zinaweza kuchelewa kukasirika. Mwaka 2022, Kimbunga Ian kilipoingiza maji ya bahari katika miji ya Florida kule Marekani, magari kadhaa ya umeme yaliwaka moto yenyewe siku na hata wiki baada ya maji kuondoka. Betri ya simu ni ndogo, lakini ni ya jamii hiyo. Ikivimba, ikipata joto bila sababu, au ikitoa harufu tamutamu ya ajabu, itoe nje ya nyumba, mbali na makuti na mikeka, wala usiitoboe, usiitupe jikoni, usiiweke chini ya mto ulalie. Nyumba zetu nyingi bado zimeezekwa makuti. Wazazi wangu walipotufundisha kuogopa kibatari hawakuwa na kitu kingine cha kuogopa ndani ya nyumba. Sasa kipo.

Wataniambia: mwalimu, unapigana na watu maskini wasio na hatia, wanaofanya walichosikia. Sipigani nao. Napigana na sisi tuliosomeshwa kwa fedha zao. Mwalimu Nyerere alipoandika Elimu ya Kujitegemea mwaka 1967, alitaka mtoto atoke shuleni akiwa na akili ya kuuliza. Nilikaa miaka mingi katika vyuo vya ualimu na nitasema nilichokiona: jaribio la sayansi linafanywa kwa chaki. Mwalimu anachora bilauri ubaoni, anachora nyaya, anachora viputo, watoto wananakili viputo. Mtihani unauliza viputo, mtoto anaandika viputo, anapata alama. Mtoto huyo akikua akaambiwa mchele unakausha simu, ananakili. Hana mazoea ya kusema: hebu tuone.

Kuona kwenyewe hakuna gharama. Chukua kipande cha sponji ya godoro, ukikate viwili vilivyo sawa. Kila kimoja kitie kijiko kimoja cha maji. Kimoja kifukie ndani ya bakuli la mchele, kingine kining'inize kwa uzi dirishani upepo unapopita. Rudi baada ya Alasiri uvipime, na kama huna mizani ya sonara tumia mizani ya kijiti na uzi ambayo kila mtoto wa darasa la nne anaweza kuiunda. Sitasema matokeo. Walimu wa shule za Kilwa na Lindi walifanye hilo Jumatatu asubuhi, na atakayekuta mchele umeshinda aje kunieleza, nyumbani kwangu hapafungwi mlango.

Wapo wengine wenye kubeba lawama hii, nao ni wanaotuuzia. Nimefungua maboksi mengi ya simu za wajukuu na majirani. Ndani mna karatasi iliyokunjwa mara nane, yenye Kiingereza, Kifaransa, Kiarabu na Kichina. Kiswahili mara nyingi hakimo. Lugha ambayo UNESCO imeipa siku yake, tarehe 7 Julai, tunayoiadhimisha tangu 2022 kwa hotuba na ngoma, haikupata hata nusu ukurasa wa kumwambia mvuvi wa Pande afanye nini simu yake ikilowa. Duka lililomuuzia nalo limeandika ukutani kwa herufi kubwa kwamba bidhaa ikishauzwa hairudishwi. Wizara na wakala wanaopitisha bidhaa hizi bandarini wanaweza kudai karatasi hiyo. Hawahitaji sheria mpya ya kurasa mia, wanahitaji kusema: bila maelezo ya Kiswahili, kontena halitoki.

Mpaka karatasi hiyo itakapokuja, nawaomba akina mama wa mwani na vijana wa pweza wasichekwe kwa kubeba simu katika mfuko wa nailoni uliofungwa fundo mara mbili, wala kwa kuandika namba muhimu kwenye daftari linalobaki nyumbani. Na kwa wale ambao simu yao imekwisha kufa, jambo moja ambalo nimeona likiwatia watu homa bila sababu: fedha haimo ndani ya simu. Wala haimo ndani ya laini. Imeandikwa katika hesabu za kampuni, na bahari haifiki huko. Laini yenyewe hufa kwa nadra, kwa kuwa imefunikwa plastiki pande zote. Isuuze kwa maji baridi, ifute sehemu ile ya dhahabu kwa kitambaa laini, iache ikauke saa kadhaa, kisha itie kwenye simu ya jirani. Ikikataa, nenda kwa wakala na namba yako ya NIDA na kidole chako, kama tulivyosajiliwa sote kabla ya 20 Januari 2020, upewe nyingine yenye namba ile ile. Mama yule wa kikoba hela zake alizikuta zote. Kilichopotea ni zile picha za daftari.